Jitu la Charlot

Nani kati yenu hajapata kumwona Charlot katika sinema, yule mtu mfupi wa kofia ya mviringo na fimbo? Jina lake la kweli ni Charlie Chaplin. Lakini lile jitu linalomfukuza, lenye ndevu nyeusi na nyusi zilizopanda juu kama pembe, ni nani? Tunalicheka, kisha tunalisahau.

Huyo ni Eric Campbell, Mwingereza. Kimo chake kilikaribia meta mbili. Kwao alikuwa mchekeshaji katika kundi la Fred Karno, ambamo Chaplin naye alijifunza kazi. Mwaka 1914 akavuka bahari kwenda Marekani kutafuta riziki. Mwaka 1916 Chaplin akamkuta New York, akamchukua kwenda naye California.

Sinema ya siku zile ilikuwa bubu. Mtu alisema kwa mwili wake, na mwili Campbell alikuwa nao! Katika miezi kama kumi na minane walitengeneza pamoja sinema fupi 11. Katika Easy Street (1917) yeye ndiye mkorofi anayetisha mtaa mzima. Ili kumwonyesha Charlot nguvu zake, anaushika mwimo wa taa ya gesi na kuupinda kama unyasi. Charlot anamrukia mgongoni, anamfunika kichwa kwa taa ileile, na gesi inamlaza usingizi. Katika The Immigrant, ya mwaka uleule, ni mtumishi mkali wa hoteli, na mteja aliyepungukiwa senti 10 tu anapigwa vibaya. Waliomfahamu walisema kwamba nje ya kazi alikuwa mtu mpole. Mimi naamini, maana mtu mkali kweli hawezi kuanguka kwa kuchekesha namna ile.

Basi, msiba ukamfuata. Tarehe 9 Julai 1917 mke wake alikufa ghafula kwa ugonjwa wa moyo, baada ya chakula cha jioni. Siku chache baadaye binti yao akagongwa na motokari, akaumia sana. Septemba Campbell akaoa tena, mwanamke aliyemjua kwa siku chache tu. Miezi miwili haijaisha, yule mke akaomba talaka mahakamani. Pombe ikawa rafiki yake. Usiku wa tarehe 20 Desemba, akitoka karamuni Los Angeles, aliendesha motokari yake akiwa amelewa, akagongana na nyingine, akafa. Hakuwa amefikia miaka arobaini.

Maiti yake ilichomwa, lakini gharama za maziko hazikulipwa. Majivu yakabaki kwa mwenye kazi ya maziko mpaka 1938, kisha yakarudishwa katika makaburi ya Rosedale, yakawekwa ofisini. Mwaka ule Charlot alikuwa tajiri, mashuhuri duniani kote. Ni mwaka 1952 tu, miaka 35 baada ya kifo, mtumishi mmoja wa ofisi ile aliposhughulika yazikwe, wala mahali penyewe hapakuandikwa.