Nchi Jirani: Haki ya Mdaiwa na Nyundo ya Dalali



Wahenga walisema: kukopa harusi, kulipa matanga. Katika nchi jirani ya Kenya ukweli wa methali hiyo huonekana siku dalali anaposimama mbele ya watu na kunadi shamba la mtu aliyeshindwa kulipa deni la benki. Siku hiyo swali huwa moja: mwenye shamba akitokea na fedha mkononi, je, bado anayo haki ya kulikomboa? Jibu la swali hilo limechukua zaidi ya miaka 300 kujengeka, nalo linamhusu sana askari, kwa kuwa yeye ndiye huitwa kulinda amani pale ugomvi unapozuka.

Asili ya haki hiyo ni Uingereza. Hapo kale, aliyeweka ardhi rehani alimkabidhi mkopeshaji umiliki wenyewe, na siku ya kulipa ikaandikwa. Akichelewa hata siku moja, ardhi ilikwenda, ingawa thamani yake ilizidi deni mara nyingi. Katika karne ya 17 mahakama ya Chancery iliikataa dhuluma hiyo. Ilishika msimamo kwamba rehani ni dhamana ya deni, wala si mauzo. Kwa hiyo mdaiwa aliruhusiwa kukomboa mali yake hata baada ya siku ya ahadi kupita, mradi alipe deni, riba na gharama.

Waingereza waliiandika kanuni hiyo katika Sheria ya Uhamishaji wa Mali ya India ya mwaka 1882, kisha wakaileta Kenya pamoja na sheria nyingine za India. Hata hivyo, kwa miaka mingi haikumgusa mkulima Mwafrika wa kawaida, maana hakuwa na hati ya kuweka rehani. Mambo yaligeuka mwaka 1954 kwa Mpango wa Swynnerton. Katikati ya vita vya Mau Mau, serikali ya kikoloni iliamua kupima mashamba ya Waafrika na kuwapa wenyewe hati, ili, pamoja na mambo mengine, waweze kukopa. Hati hiyo ilifungua mlango wa mkopo. Na kwa mlango huo huo dalali naye aliingia.

Sheria ya Ardhi Iliyosajiliwa ya mwaka 1963 iliweka mpaka bayana. Makubaliano yoyote ya kumnyima mdaiwa haki ya kukomboa yalikuwa batili. Lakini haki yenyewe ilikoma pale bei ya mnunuzi ilipokubaliwa mnadani, yaani nyundo ilipogonga. Haikungoja jina libadilishwe katika daftari la ardhi.

Mpaka huo ni mkali, lakini una sababu. Kama mdaiwa angeweza kurudi mwezi mmoja baadaye na kudai shamba, nani angetoa bei nzuri mnadani? Hasara ingemrudia mdaiwa mwenyewe, kwa kuwa kinachobaki baada ya deni na gharama kulipwa ni chake.

Basi Kenya ilichagua kuimarisha ulinzi wa kabla ya nyundo. Sheria ya Ardhi ya mwaka 2012 inamtaka mkopeshaji atoe notisi ya miezi mitatu ili mdaiwa alipe malimbikizo, kisha notisi nyingine ya siku 40 kabla ya kuuza. Kanuni za Madalali za mwaka 1997 nazo zinampa mwenye ardhi siku 45 za kukomboa. Nyumba ya familia haiwekwi rehani bila ridhaa ya mwenzi wa ndoa. Aidha, bei ikiwa chini ya thamani ya soko kwa asilimia 25 au zaidi, mkopeshaji huhesabiwa kuwa amekiuka wajibu wake mpaka athibitishe vinginevyo.

Baada ya nyundo, mlango hubaki mwembamba. Mnada wenye ulaghai waweza kubatilishwa na mahakama. Lakini kwa kasoro nyingine, mara nyingi mdaiwa hubakiwa na madai ya fidia tu, na shamba likawa la mnunuzi.

Hapa ndipo wajibu wa askari unapoonekana. Nchini Kenya dalali anayehofia fujo huiomba mahakama amri ya kupewa msaada wa polisi. Askari huyo hakwenda kupima deni wala kumsaidia tajiri dhidi ya maskini. Amekwenda kulinda amani chini ya amri ya mahakama, na pasipo amri hiyo hana budi kujiuliza anasimama pale kwa niaba ya nani.

Tena askari naye hukopa. Aliye katika kituo cha mbali aweza kuhesabiwa siku bila kujua, notisi ikiwa imelala nyumbani ndani ya bahasha ambayo hakuna aliyeifungua. Haki iliyopiganiwa kwa karne tatu hupotea hivyo, kimya kimya, kabla dalali hajainua nyundo. Kwa hiyo mkopaji na aifahamishe familia yake juu ya deni, na barua ya mkopeshaji ifunguliwe siku inapofika.