Ernest Dickerson: Mpigapicha aliyezipa nyuso nyeusi nuru yake

Ernest Dickerson ni mpigapicha na mwongozaji wa filamu wa Marekani, aliyezaliwa mwaka wa 1951 mjini Newark, jimbo la New Jersey. Alisomea usanifu wa majengo katika Chuo Kikuu cha Howard, Washington, kabla ya kujiunga na Chuo Kikuu cha New York kusomea filamu. Huko ndiko alikokutana na Spike Lee.

Mwaka wa 1983 aliipiga filamu ya kuhitimu ya Lee, ambayo ilitunukiwa tuzo ya Academy ya wanafunzi. Mwaka uliofuata, John Sayles alimkabidhi kamera ya The Brother from Another Planet. Sayles alikuwa miongoni mwa vinara wa filamu huru, yaani zile zinazotengenezwa nje ya studio kubwa za Hollywood.

Filamu iliyowatangaza Lee na Dickerson ni She's Gotta Have It ya mwaka wa 1986. Ilipigwa kwa siku 12 tu, kwa gharama ya dola 175,000, na karibu yote haina rangi. Licha ya ufukara huo, iliingiza zaidi ya dola milioni 7.

Hata hivyo, mchango wake mkubwa ni mwingine. Kwa miongo mingi, kanda za filamu zilisawazishwa kwa kigezo cha ngozi nyeupe, na waigizaji weusi wakaonekana kama vivuli. Dickerson alipanga taa na rangi ili kila ngozi ionekane ilivyo. Katika Do the Right Thing (1989), kisa cha siku moja ya joto kali mtaani Brooklyn, rangi za kutuliza macho ziliepukwa na ukuta mzima ukapakwa nyekundu, hata mtazamaji akalihisi joto lenyewe.

Baada ya Malcolm X (1992), aligeukia uongozaji. Alikuwa ameanza na Juice mwaka uo huo, na baadaye akaongoza vipindi vya The Wire na The Walking Dead.

Dickerson hakuwahi kuteuliwa kuwania Oscar kwa upigaji wake. Ilibidi kusubiri hadi mwaka wa 2017 ndipo Mmarekani mweusi wa kwanza, Bradford Young, alipoteuliwa katika kitengo hicho. Young naye ni zao la Howard.