KULIPIA MAJI HAKUKUANZA NA CHUPA, WAULIZE WAPAGAZI WA TABORA

Wadau, ukinunua maji ya chupa pale stendi ya Tabora usidhani kulipia maji ni mambo ya kizazi chetu. Karne ya 19 wapagazi wa Kinyamwezi walitembea kati ya Tabora na Bagamoyo, karibu kilomita 800 kwa mguu, kila mmoja na mzigo wa kama frasila mbili, yaani kilo 30 na kitu. Ukifika Ugogo kwenye ukame, watemi ndio wenye visima. Hujatoa hongo ya vitambaa au shanga? Hupiti, huchoti. Halafu kuna Mgunda Mkali, pori la siku kadhaa ambalo maji ni ya kubahatisha. Hapo kibuyu ndio roho yako.

Wazungu waliobebewa mizigo tunawakariri shuleni. Wabebaji wengi hata majina hatuyajui. Ila cheki walivyotuzidi: kibuyu kikiisha maji kinajazwa tena, kikipasuka kinaoza kinakuwa udongo.

Sisi je? Maji ya dakika kumi, chupa inarushwa dirishani mwa basi, inakaa miaka na miaka. Mifuko ya plastiki ilipigwa marufuku tarehe 1 Juni 2019, chupa za maji zikabaki. Wanaotusitiri ni wale wanaoziokota na kuziuza kwa kilo, na wao pia majina hatuyajui.

Siku hizi maji ya Ziwa Victoria yanafika Tabora kwa bomba. Chemsha, jaza chupa yako, safiri nayo.

Sema ukweli: chini ya kitanda chako kuna chupa tupu ngapi saa hizi?