Kaya Fungo: Mgeni Huishia Pale Mzee Anaposimama

Barabara ya Mariakani kwenda Mavueni inapita katikati ya Kaloleni, mji wa minazi, bodaboda na hospitali kongwe ya St Luke's. Anayefika hapa mara ya kwanza hudhani yuko pwani tu: madafu barabarani, mnazi ukigemwa asubuhi na jioni, mikorosho nyuma ya nyumba. Lakini ukiacha lami ukashika njia ya kwenda bara, nchi hubadilika upesi. Minazi hupungua, miiba huongezeka, vumbi huanza kupanda miguuni. Hapo ndipo nyika inapoanza, na mbele yake ni Taru, ile nchi kavu iliyowatesa wapagazi wa misafara kabla ya kuwatesa wajenzi wa reli. Kwenye ukingo huo wa ukame upo msitu wa Kaya Fungo, kaya kuu ya Wagiriama, yaani makao yao ya kale, uliolipa jina hata wadi ya uchaguzi: Kayafungo.

Haingiliki hivi hivi. Mgeni hutangulia kupiga hodi kwa wazee, hueleza anatoka wapi na anataka nini, hutoa kinachotolewa, kisha hungoja. Wakikubali, mzee mmoja au wawili huongozana naye. Kundi huwa dogo, kwa sababu njia yenyewe ni ya mtu mmoja mmoja na kwa sababu mzee anataka kuwaona wote. Hukati mti, huokoti hata ukuni mkavu, hupitishi mbuzi, hutoki njiani. Kuna mahali utaonyeshwa na mahali utaambiwa, "Sisi tunaishia hapa." Watalii wengine hununa wakisikia hivyo. Mimi naona hilo ndilo neno lenye historia ndefu kuliko yote yanayosemwa katika matembezi hayo.

Masimulizi ya Wamijikenda, makabila tisa ambayo Wagiriama ni mojawapo, yanasema walitoka Singwaya, kaskazini, upande wa Somalia ya leo, wakisukumwa na Waoromo, walioitwa Wagalla, wakaja wakajificha katika misitu ya vilima vya nyuma ya pwani. Kila kabila lilizika fingo lake, ile dawa ya ulinzi iliyobebwa kutoka kwao, na juu ya fingo hilo kaya ikasimama: nyumba zikizungukwa na boma la miti na msitu mnene, malango machache, na katikati uwanja wa moro, walipokaa wazee wa kambi, yaani baraza lao, kuamua kesi na kuomba mvua. Mwanahistoria Thomas Spear aliyakusanya masimulizi hayo na mwaka 1978 akayafanya msingi wa kitabu chake juu ya kaya. Justin Willis alikuja baadaye, katika kitabu cha mwaka 1993, akatia shaka: jina lenyewe la Mijikenda, alionyesha, ni la karne ya 20, na undugu wa makabila tisa ulijengwa kwa siasa za Mombasa na za ukoloni. Mabishano hayo ni mazuri darasani. Mzee wa Kaya Fungo hayamsumbui. Yeye anajua fingo liko wapi, na wewe hujui, wala hutaonyeshwa.

Wala tusidhani Wagiriama walikuwa wakijifungia msituni hadi Mzungu alipofika. Katika karne ya 19 walikuwa wawindaji na wafanyabiashara wa pembe za ndovu, wakiuziana na Waswahili wa Mombasa na kufuata misafara ndani ya nyika. Walipoongezeka walihama, wengi wakielekea kaskazini hadi mlima Mangea, na kufikia miaka ya 1890 walikuwa wameshavuka mto Sabaki kulima ardhi yenye rutuba. Kaya ikabaki na wazee wachache, walinzi wa moro na makaburi. Watu wengine hawakulala tena mle, lakini walirudi kwa kiapo, kwa maombi, kwa kesi zilizoshindikana kwingine. Waingereza walipokuja kuuliza nani mtawala wa Wagiriama, hawakumpata chifu wala sultani. Waliambiwa juu ya wazee na juu ya msitu, wakadhani wanafichwa kitu.

Mwaka 1912 afisa mmoja, Arthur Champion, alitumwa kuwatawala Wagiriama kwa karibu. Kazi yake ilikuwa kukusanya kodi ya nyumba na kutafuta vijana wa kazi. Mashamba ya walowezi ya pwani yalikosa vibarua, na serikali ilitaka pia Wagiriama wa ng'ambo ya Sabaki warudi kusini. Hapo ndipo alipojitokeza Mekatilili wa Menza, mjane, mwanamke asiye na cheo chochote katika baraza la wazee. Alitumia kitu ambacho hakuna afisa angeweza kukipiga marufuku kwa urahisi: ngoma ya kifudu, ngoma ya matanga. Alikwenda kijiji hadi kijiji akicheza, watu wakikusanyika, na walipokusanyika aliwaambia wasitoe wana wao. Katika baraza moja, wazee husimulia, alimletea Champion kuku mwenye vifaranga, akamwambia achukue kifaranga kimoja. Mzungu alipotia mkono, kuku akamdonoa. Mekatilili akasema: utafanyiwa hivyo hivyo ukichukua mwana wa Mgiriama.

Katikati ya mwaka 1913 watu waliitwa Kaya Fungo. Wanawake waliapa kiapo chao, mukushekushe, na wanaume wakala kiapo cha fisi, kilichoogopwa kuliko vyote. Mwenye kumfanyia kazi Mzungu, mwenye kulipa kodi, mwenye kukubali uchifu wa serikali, kiapo kingemla. Athari yake ilikuwa ya papo kwa papo: machifu wakaanza kuogopa hata kutoka nyumbani, barua za Champion zikakosa wa kuzitii. Mwezi wa Oktoba Mekatilili alikamatwa pamoja na Wanje wa Mwadorikola, wakahamishwa hadi Kisii, upande mwingine kabisa wa nchi. Januari 1914 walitoroka, wakatembea mamia ya kilomita hadi kwao. Mjane, bila ramani, akipita nchi za watu asiojua lugha yao. Nikisikia watu wakisifia matembezi ya siku moja porini, huwa nawakumbusha safari hiyo.

Mkuu wa mkoa, Charles Hobley, aliamini tatizo ni mahali. Aliwalazimisha wazee kuondoa viapo na akaifunga kaya. Haikutosha. Tarehe 4 Agosti 1914, siku ileile Uingereza ilipotangaza vita dhidi ya Ujerumani, Kaya Fungo ililipuliwa kwa baruti. Miti mikubwa ikaangushwa na kuchomwa, nyumba zikateketezwa, malango yakazibwa. Ndani ya wiki mbili Wagiriama walikuwa vitani. Walikuwa na mishale ya sumu dhidi ya bunduki za askari wa King's African Rifles (KAR), jeshi la kikoloni, na waliouawa hukadiriwa kuwa 150. Masharti ya amani yalikuwa faini ya rupia 100,000, watu wa ng'ambo ya Sabaki wahame, na wanaume 1,000 watolewe kuwa wapagazi wa vita. Kwa watu walioanza ugomvi kwa kukataa kutoa vijana wao, sharti hilo la mwisho lilikuwa la makusudi.

Kilichofuata ndicho kinachonivutia zaidi, na hakisimuliwi mara nyingi. Baada ya vita serikali iligundua kwamba Wagiriama bila kaya ni wagumu zaidi kutawala kuliko Wagiriama wenye kaya. Hakukuwa na mahali pa kuwaita wazee, wala wazee wenye sauti ya kusikilizwa. Basi watawala walewale wakaruhusu kaya ifunguliwe tena. Mekatilili na Wanje, waliokuwa wamekamatwa na kuhamishwa tena, waliporudi mwaka 1919 waliingia mle: Wanje akiongoza wazee, Mekatilili akiongoza wanawake. Baruti iliharibu miti na nyumba, ikashindwa na utaratibu, kwa sababu utaratibu wenyewe haukukaa katika nyumba wala katika miti. Mekatilili alifariki katikati ya miaka ya 1920 na kuzikwa Bungale, Magarini. Leo sanamu yake imesimama Malindi.

Anayetaka mfano wa mbali aangalie Arizona, Marekani. Pale kuna bonde la miamba liitwalo Canyon de Chelly, katika ardhi ya Wanavajo, na kwa kawaida mgeni hashuki chini ya bonde bila kiongozi Mnavajo. Mwaka 1864 jeshi la Marekani, chini ya Kit Carson, liliingia bonde hilo, likachoma mazao na kukata miti ya matunda, kisha maelfu ya Wanavajo wakatembezwa kwa miguu hadi kambi ya Bosque Redondo, New Mexico. Walirudi baada ya mkataba wa 1868. Watalii wanaoshuka leo hulalamika kidogo kuhusu ada na kuhusu picha wasizoruhusiwa kupiga. Anayewaongoza ni mjukuu wa waliofukuzwa. Anaonyesha anachotaka kuonyesha, na hakuna anayemwita mchoyo. Kwetu, mzee wa kaya akisema "hapana" huitwa mshirikina.

Heshima ya kiserikali ilikuja polepole. Mwaka 1992 Makumbusho ya Taifa ya Kenya yalianza kuzitangaza kaya kuwa mali ya kumbukumbu ya taifa, na kikaundwa kitengo maalumu cha kuhifadhi misitu ya pwani. Wataalamu wa mimea waliozipima walishangaa: misitu midogo, mingine ya hekta chache tu, ilikuwa na mimea adimu isiyopatikana tena katika mashamba yaliyoizunguka. Mwaka 2008 UNESCO iliziingiza baadhi ya kaya, Fungo ikiwemo, katika orodha ya urithi wa dunia, na mwaka uliofuata ikaziweka mila zake katika orodha ya mambo yanayohitaji kuokolewa haraka. Orodha hizi mbili zisomwe pamoja: dunia ilisema msitu ni wa thamani, halafu ikakiri kwamba wanaoujua wanakwisha.

Kule Kwale, Kaya Kinondo imechagua kufungua mlango zaidi. Tangu mwanzoni mwa miaka ya 2000, wageni kutoka hoteli za Diani huvishwa kaniki nyeusi kiunoni, hutembezwa, huelezwa dawa za miti, na pesa husaidia jamii. Ni mpango mzuri, na sidhani Fungo inapaswa kuuiga mzima mzima. Kinondo ina bahari na hoteli mlangoni. Fungo ina nyika, na wageni wake wakubwa huja msimu wa kampeni: wanasiasa wanaotaka kuvishwa shuka, kupewa fimbo na kupigwa picha. Baadhi ya wazee huwapokea, wengine hukasirika, na ugomvi huo umezigawa kambi za wazee kuliko utalii ulivyowahi kuzigawa.

Kabla ya kurudi Kaloleni, yafaa mgeni aombe kuonyeshwa vigango katika boma la familia, kama yenyewe iko radhi. Kigango huchongwa kwa ajili ya marehemu aliyekuwa wa chama cha gohu. Ni ubao mrefu wa mti mgumu kama muhuhu, ili mchwa usiutafune, wenye kichwa cha duara na mwili uliochorwa kwa pembetatu ndogo ndogo zilizokatwa kwa kisu na kutiwa rangi, nyekundu, nyeupe na nyeusi, na vitambaa vilivyofungwa kiunoni. Haung'olewi. Ukianguka, huachwa uoze pale pale. Mwaka 1985, karibu na Kaloleni, mtafiti Monica Udvardy alipiga picha ya mzee mmoja kando ya vigango viwili alivyowachongea ndugu zake. Baada ya muda mfupi viliibiwa. Miaka mingi baadaye akakiona kimoja kwenye picha zilizoonyeshwa katika mkutano wa wasomi, kikiwa katika makumbusho ya Illinois, na cha pili kikagundulika Virginia. Vilirudishwa, cha kwanza mwaka 2007 kwa sherehe, lakini mzee mwenyewe alikuwa ameshafariki. Mamia ya vingine bado viko Marekani, katika makumbusho na sebule za watu.

Vijana ndio walioviiba vingi, wakavipeleka kwa wachuuzi wa vinyago Mombasa kwa pesa kidogo. Na sasa kuna jambo baya zaidi ya wizi. Katika kaunti ya Kilifi wazee wenye mvi wamekuwa wakiuawa kwa kusingiziwa uchawi, mara nyingi na jamaa zao, na mara nyingi nyuma ya shutuma hiyo kuna shamba. Anayejua dawa za miti, anayejua njia za kaya, anayevaa shuka ya uzee, ndiye anayeshukiwa kwanza. Huko Ganze, Kaya Godoma imegeuzwa kuwa kimbilio la wazee waliotoroka nyumbani kwao. Wanakaa pale miezi, wengine miaka, na wanachokijua wanakaa nacho.