Thanasis Veggos: Nusu Karne ya Mbio

Katika vichekesho vya sinema ya Kigiriki vya miaka ya 1960 yupo mtu mmoja mwenye kipara asiyejua kutembea. Hukimbia kutafuta kibarua, hukimbia kuwakwepa wanaomdai, hukimbia hata pale ambapo hakuna anayemfukuza. Wagiriki walimcheka mpaka machozi yakawatoka. Nadhani walicheka kwa sababu walijiona wenyewe.

Mtu huyo, Thanasis Veggos, alizaliwa mwaka 1927 Neo Faliro, jirani na bandari ya Piraeus. Alikuwa bado kijana wakati majeshi ya Ujerumani, Italia na Bulgaria yalipoikalia Ugiriki mwaka 1941 na njaa ikaua maelfu ya watu mjini Athens. Wavamizi walipoondoka, Wagiriki wakageukiana: vita vya wenyewe kwa wenyewe viliwaka tangu 1946 hadi 1949. Vijana wa mrengo wa kushoto hawakuaminiwa hata kushika bunduki ya serikali. Veggos alitumikia jeshi akiwa Makronisos, kisiwa kikavu cha mawe na upepo, ambako dola iliwatesa askari wake yenyewe ili waikane siasa yao.

Ajabu ya mambo, kazi yake ilianzia huko. Kisiwani alifahamiana na mfungwa mmoja, Nikos Koundouros, na Koundouros alipoanza kuongoza filamu hakumsahau. Alimpa nafasi katika Magiki Polis mwaka 1954, kisha katika O Drakos mwaka 1956. Chuo cha uigizaji Veggos hakukanyaga. Alijifunza kazi mbele ya kamera, akipewa sehemu za dakika mbili tatu.

Alikuja wakati mzuri. Katikati ya miaka ya 1960 Ugiriki, nchi ndogo, ilikuwa ikitoa filamu zaidi ya 100 kwa mwaka, na majira ya joto familia nzima zilikwenda kwenye sinema za uwanjani, chini ya nyota. Mwaka 1964 akafungua kampuni yake. Kuruka, kuanguka, kuvaana na vitu: yote aliyafanya mwenyewe, bila mtu wa kumshikia nafasi. Mwaka 1967, wakati wa sinema za James Bond, alimcheza mpelelezi namba 000, ambaye jina la filamu lenyewe linatangaza kwamba si wa siri hata kidogo. Watazamaji walijaa, lakini hesabu zilimshinda. Mwigizaji aliyezoea kumwigiza mdaiwa akawa mdaiwa kweli.

Mwaka huohuo wa 1967 makanali walipindua serikali, wakatawala mpaka 1974. Ndani ya kipindi hicho, mwaka 1971, yeye na mwongozaji Dinos Katsouridis walitoa filamu ambayo kwangu ndiyo kilele chake, Ti ekanes ston polemo, Thanasi. Kisa ni cha Athens chini ya wavamizi: mtu asiyetaka makuu anakamatwa kimakosa, anadhaniwa mpiganaji wa msituni. Mavazi yalikuwa ya zamani, hofu ilikuwa ya siku za makanali. Tamasha la filamu la Thessaloniki lilimpa Veggos tuzo ya mwigizaji bora.

Runinga ndiyo iliyoiua sinema ya Kigiriki ya enzi ile, na runinga hiyohiyo ikamwokoa Veggos. Vituo binafsi vilipoanza mwaka 1989 vilikuwa na saa nyingi za kujaza, vikachota filamu za zamani kwa pupa. Watoto ambao hawakuwahi kuona tikiti ya sinema ya uwanjani wakaijua sauti yake ikimwita kila mtu "mtu wangu mwema". Yeye mwenyewe akacheza tamthilia, ikiwemo Peri anemon kai ydaton mwanzoni mwa miaka ya 2000.

Wenye kalamu za uhakiki walichelewa kumheshimu. Ilibidi mwongozaji Theo Angelopoulos amweke kwenye filamu yake ya mwaka 1995 iliyopata tuzo kubwa ya pili Cannes, akiwa dereva wa teksi anayemvusha mwigizaji Harvey Keitel kwenda Albania. Theluji inawazuia njiani. Mzee anashuka garini, anazungumza na theluji kana kwamba ni mpweke mwenzake, kisha anairushia biskuti. Hakimbii. Baada ya miaka arobaini, amesimama.

Filamu yake ya mwisho, Psychi Vathia ya Pantelis Voulgaris, ilitoka mwaka 2009. Inahusu vita vilevile vilivyompeleka Makronisos. Alifariki Athens tarehe 3 Mei 2011, akiwa na miaka 83.