Bill Edrich, Mchezaji na Rubani

Mwezi Machi 1939, katika mji wa Durban, Uingereza na Afrika Kusini zilicheza mchuano wa kriketi usiowekewa ukomo wa siku, ukaendelea hata tarehe 14, Waingereza wakiwa wamepata mikimbio 654 kati ya 696 iliyotakiwa, mvua ikanyesha, na kwa kuwa meli ya kuwarudisha kwao ilikuwa ikiwangoja Cape Town, mchezo ukaachwa pasipo mshindi. Katika jumla hiyo adhimu, mikimbio 219 ilikuwa ya William John Edrich, kijana wa miaka 22 kutoka Norfolk, ambaye kabla ya hapo kila alipoichezea nchi yake alitolewa upesi, hata watu wakataajabu kwa nini nahodha Walter Hammond hakumwacha. Naamini Hammond aliona sawasawa: mtu yule mfupi wa kimo hakuwa na tabia ya kurudi nyuma mbele ya mpira wa kasi.

Kabla mwaka haujaisha vita vikazuka, naye Edrich akaingia Jeshi la Anga, akafundishwa urubani wa ndege za Blenheim, zilizobeba watu watatu tu: rubani, mwongoza njia na mpiga bunduki. Kazi yao katika mwaka 1941 ilikuwa ya hatari isiyo kifani, kwani waliruka mchana kweupe, wakiambaa juu ya mawimbi kwa kimo cha chini mno ili adui asiwatambue mapema, kisha wakazishambulia merikebu za shehena pwani ya Uholanzi, huku mizinga ikiwaelekea kutoka kila upande.

Tarehe 12 Agosti mwaka huo Edrich alikuwamo katika msafara wa Blenheim 54 zilizotumwa hadi karibu na Cologne, ndani kabisa ya Ujerumani, kuvipiga mabomu vituo vya umeme, na yapata ndege moja katika kila tano haikurejea. Alitunukiwa nishani ya DFC, waliyopewa wakati huo maofisa wa anga kwa ushujaa mbele ya adui, akapandishwa cheo cha kuongoza kikosi.

Kiangazi kile kile, baada ya kushambulia merikebu asubuhi, yeye na marubani wenzake wa kambi ya Massingham walishuka uwanjani alasiri kucheza kriketi na wanakijiji, hali baadhi ya wenzao waliotarajiwa kucheza walikuwa wamekwisha kufa baharini. Jambo hilo hunihuzunisha kuliko hesabu zote za vita.

Amani iliporejea, Edrich alicheza kama mtu aliyerudishiwa uhai wake. Mwaka 1947 alipata mikimbio 3,539, akaipita ile rekodi ya 3,518 ya Tom Hayward iliyodumu tangu 1906, na aliyemzidi alikuwa mwenzake katika timu ya jimbo la Middlesex, Denis Compton, kwa mikimbio 3,816. Mwaka huo timu yao ikatwaa ubingwa wa majimbo. Akaja kuwa nahodha wa Middlesex, kisha akarudi kuichezea Norfolk, na umri wa miaka 50 ulipompita alikuwa angali akishika gongo. Alifariki mwezi Aprili 1986.