Nyuma ya "One More Time": helmeti mbili za Paris na Mliberia asiyetajwa

Hata kama hujawahi kuwafuatilia Daft Punk, hii ngoma unaijua. Tarumbeta zinaanza kwa mbali, zimefifia kama muziki wa nyumba ya jirani, zinasogea taratibu, halafu dramu zinafunguka na ukumbi mzima unajikuta mikono juu. "One More Time" ilitoka Novemba 2000, ikashika namba moja Ufaransa na namba mbili Uingereza, na mpaka leo DJ akiona watu wamepoa anaichomoa. Zaidi ya miaka ishirini, bado haijachuja.

Wenyewe ni washikaji wawili wa Paris, Thomas Bangalter na Guy-Manuel de Homem-Christo, waliojuana tangu shuleni. Walianza na bendi ya roki, Darlin'. Gazeti la muziki la Uingereza, Melody Maker, likaiponda kwa maneno machache ya dharau, nao wakayaokota maneno yale yale wakayafanya jina. Albamu ya kwanza, Homework, ikaja 1997. Baadaye wakavaa zile helmeti za roboti na sura zao zikapotea kabisa machoni pa watu.

Sauti unayoisikia si yao. Ni ya Romanthony, mwimbaji na prodyuza wa muziki wa house kutoka New Jersey, Marekani, aliyefariki 2013. Mtu mwenye koo la soul, wakamchukua wakampitisha kwenye Auto-Tune mpaka akawa nusu mtu nusu mashine. Cher alishafungua hiyo njia na "Believe" mwaka 1998, lakini wapo waliokasirika kweli: kwa nini uharibu koo zuri namna hiyo? Bangalter akajibu kwamba lawama zile zinamkumbusha watu wa zamani waliotaka kinanda cha umeme kipigwe marufuku. Nani alishinda huo ubishi, washa redio yoyote ya Dar au Nairobi utajua mwenyewe.

Mimi kinachoniua zaidi ni katikati ya wimbo. Dramu zinaondoka. Haziondoki kwa sekunde kumi za kuvuta pumzi, zinaondoka kwa muda mrefu mno, unabaki na sauti ya Romanthony na kinanda kinachoelea. Kwa ngoma ya klabu huo ni wendawazimu, maana watu wakisimama kucheza wanaenda baa. Lakini hawaendi. Wanasubiri, na dramu zikirudi ndipo utakapoelewa kwa nini wimbo huu haufi.

Sasa turudi kwenye zile tarumbeta, maana hapo ndipo pana mambo.

Zilirekodiwa 1979, kwenye wimbo wa disko uitwao "More Spell on You" wa Eddie Johns, kijana wa Liberia aliyekwenda Paris kutafuta maisha ya muziki. Paris ya miaka ile ilikuwa imechangamka: disko ilitengenezwa kwa wingi, na nyingi ziliimbwa na watu weusi wa kutoka Afrika na visiwa vya Karibi. Baba yake Bangalter, Daniel Vangarde, alikuwa mmoja wa mafundi wa kazi hiyo, aliwaandikia nyimbo kundi la Ottawan na Gibson Brothers. Kwa hiyo kina Daft Punk hawakuokota disko jalalani, ilikuwa muziki wa nyumbani.

Walichofanya ni kukata tarumbeta za Johns vipande vifupi vifupi, wakavipanga upya mpaka zikawa kitu kingine. Fundi ni fundi, hapo siwanyimi sifa. Ila fungua kijitabu cha Discovery, albamu yao ya 2001. Utamkuta George Duke ametajwa kwa "Digital Love", Edwin Birdsong ametajwa kwa "Harder, Better, Faster, Stronger". Eddie Johns hayumo.

Mwaka 2021, miezi michache baada ya Daft Punk kutangaza kuvunjika, gazeti la Los Angeles Times likamtafuta. Likamkuta mjini humo humo Los Angeles, mzee, akiwa amepitia miaka mingi ya kuishi bila makazi, na hajawahi kupata hata senti moja ya "One More Time".

Kabla hujaanza kuwatukana maroboti, subiri. Upande wa Daft Punk ulisema hela ilikuwa inalipwa, mara mbili kwa mwaka. Ilikuwa inakwenda kwa kampuni ya Ufaransa iliyonunua haki za wimbo ule mwaka 1995. Hela ilikuwa inatembea vizuri tu, ila ilikuwa inasimama mlangoni kwa mtu mwingine. Kampuni ikasema haikuwa imempata Johns, na baada ya gazeti kugonga hodi ikasema itapiga hesabu ya kinachomstahili. Gazeti limempata, kampuni yenye mkataba haikumpata. Haya.

Na ukiangalia video ndiyo utacheka kwa uchungu. Daft Punk walimpa kazi Leiji Matsumoto, gwiji wa katuni wa Japani, na baadaye ikawa filamu nzima, Interstella 5555, ya mwaka 2003. Hadithi yake? Bendi ya viumbe wa rangi ya buluu inatekwa ikiwa jukwaani, inaletwa duniani, inafutwa kumbukumbu, inabadilishwa rangi, kisha bosi mmoja wa muziki anavuna umaarufu na hela kwa jasho lao.

Itafute "More Spell on You" leo, weka kwenye spika ya maana, si ya simu. Tarumbeta ziko palepale, nzima, hazijakatwa, na mwenyewe anaimba.